Filamu ya Mvua na Mimi Ndani Yake

Kitale, Alhamisi

Kukhu mpendwa,

Mjukuu wako anakusalimu kutoka kwenye baridi. Sweta uliyonifumia siivui hata nikilala. Mwalimu wetu wa filamu hapa mafunzoni, Dada Chebet, hutengeneza filamu za maisha yake mwenyewe, peke yake, kamera ikiwa juu ya debe. Ametaka kila mmoja wetu ajirekodi vivyo hivyo.

Mimi nilivaa sare, nikaweka mikono nyuma, nikataja jina, shule na ndoto zangu. Akaniuliza, "Huyu ni wewe, ama unakaribisha mgeni wa heshima?"

"Alibakisha kuinama tu, bana," mwenzangu akaongeza, wakacheka wote.

Basi jana niliacha kamera ikirekodi, nikasaidia kuanika mahindi ya mwenyeji wetu. Mvua ikashuka ghafla kutoka Mlima Elgon. Tulipotazama baadaye, nilimwona msichana aliyeloa akiwafokea wanaume wazima, "Wewe mzee, shika turubai. Si huko, huku." Nao wakashika.

"Sasa huyu ndiye wewe," Dada Chebet akasema.

Tangu hapo situlii. Jumapili filamu zitaonyeshwa hapo Bungoma, katika ukumbi wa kanisa letu, na Baba amealika wenzake. Unajua anavyosema juu ya msichana mwenye sauti kubwa. Ningeweza kupeleka ile ya sare. Nimepeleka ya mvua.

Magoti yako yapate jua la kutosha. Na siku hiyo, Kukhu, tafadhali keti karibu na Baba. Nikianza kufoka kwenye filamu, mshike mkono.

Wako akupendaye,
Nekesa