Kaka, Sentensi Zile Ubaoni Zilikuwa Zako

Mpendwa kaka yangu Jillo,

Tangu nirudi kutoka kwako Bura ni wiki ya tatu sasa, na kila siku nimekuwa nikiianza barua hii na kuiacha. Ningeweza kuikunja nimpe dereva wa gari la Garissa akuletee mkononi. Nimeamua kuiandika wazi, anayetaka aisome, kwa sababu nilikuvunjia heshima mbele za watu. Mtu aliyeaibishwa hadharani haombwi radhi kichochoroni.

Wasiotujua wajue kwanza kwamba mimi ni mwalimu wa Kiingereza hapa Garsen, na kwamba wewe ndiye uliyenifanya mwalimu. Baba alipofariki ulikuwa darasa la saba, mimi la pili. Mama alisema hawezi kutusomesha sote wawili. Hukungoja aamue. Jumatatu ile ulivaa sare yako kama kawaida, ukanisindikiza mpaka lango la shule, ukavua sweta lako ukanivika mimi, likanifika magotini. Halafu ukageuka ukaenda shambani. Mpaka leo sijui ulimwambia nini mama.

Unakumbuka pale kwetu Idsowe, mpunga ulipoanza kukomaa, tulivyokuwa tukipanda dunguni, kile kichanja cha shambani, kuamia ndege wasiule? Wewe na kombeo na madonge ya udongo, mimi na daftari. "Soma nikusikie," ulikuwa ukisema. "Leo mwalimu kawafundisha nini?" Nami nakusomea: I will eat, you will eat, she will eat. Wewe unarudia nyuma yangu huku unarusha madonge. Ukifika kwa "she" unasema "she will eats", na mimi nakukaripia kama mzee: "Kaka, hakuna s! Kukiwa na will, s inaondoka!"

Siku moja ulicheka mpaka ukaangusha kombeo. "Basi huyo will ni chifu," ukasema. "Akipita, wengine wote wanavua kofia."

Nimefundisha miaka mingi, kaka, na sijapata kuieleza kanuni hiyo vizuri kuliko ulivyoieleza wewe siku ile.

Nilipokuwa chuoni ukanipigia simu kuniambia mama hatunaye tena. Tulipomaliza matanga uliniambia, "Biba, sasa tumebaki mimi na wewe." Ulikuwa umeshaoa, lakini nilikuelewa. Hakuna mwingine duniani aliyekuwa akiniita Biba. Kwa wengine mimi ni Habiba, na kwa wengi zaidi ni Mwalimu.

Sasa nifike pale ambapo sitaki kufika.

Shirika fulani lilikuwa linatafuta mtu mmoja kwa kila kijiji cha mtoni, awe anasoma kipimo cha maji kila asubuhi na kutuma ujumbe kwa simu, kwa Kiingereza. Ulikuwa umeshapita miaka arubaini. Ulikuja kwangu na karatasi ndani ya mfuko wa sukari, isilowe jasho. Ulikuwa umeandika barua ya kuomba kazi, wewe mwenyewe, kwa Kiingereza kile ulichookota dunguni.

"Nisahihishie," uliniambia. "Lakini usibadilishe maneno yangu yote. Wasije wakadhani umeandika wewe."

Nikakuambia urudi Jumamosi. Niliisoma jioni ile, nikatabasamu, nikaiweka ndani ya kitabu. Kesho yake asubuhi nilikuwa na kipindi cha kidato cha pili, mada ni wakati ujao, na sikuwa nimejiandaa. Niliingia darasani, nikafungua kitabu, nikaiona barua yako. Nikachukua chaki nikaandika juu ya ubao: Sahihisha makosa. Chini yake nikanakili sentensi zako tatu.

"When the water will rise, I will telling you."

"I will to send message every morning."

"If God will wish, I will can save many people."

Sikuandika jina lako. Nilijiambia kwamba hiyo inatosha. Lakini sikuishia kuziandika, kaka. Nilizisoma kwa sauti, na nilipofika ya tatu nikaigiza sauti ya mzee wa shamba, polepole, kwa uzito, kama unavyoongea wewe. Darasa likaangua kicheko. Kuna waliopiga meza. Nami nikacheka nao.

Nilipogeuka nikakuona dirishani.

Juma lile nilikuwa nimetoka kuugua malaria, na wifi alikuwa amenipikia wali na kambare. Ulikuwa umeendesha baiskeli kutoka Idsowe, na sasa umesimama umeshika hotpoti kwa mikono miwili. Macho yako yalikuwa ubaoni. Ulisubiri kicheko kiishe, ukaja mlangoni, ukasema taratibu, "Hodi, Mwalimu. Nimeleta chakula." Ukaweka hotpoti chini kando ya mlango.

Msichana mmoja aliyekaa mbele akaniuliza, "Mwalimu, huyo ni nani?"

Nikasema, "Ni mtu wa kwetu."

Ulikuwa hujafika mbali. Ulisikia. Nilijua ulisikia kwa sababu ulisimama kidogo kabla ya kuishika baiskeli. Nami sikukufuata. Nilifuta ubao, nikawapa wanafunzi kazi ya kuandika, kipindi kikaisha. Mara nyingi nimejiuliza mtu anawezaje kushindwa kuwaacha wanafunzi wake dakika moja amfuate kaka yake.

Jumamosi hukuja. Nilipopiga simu ulisema, "Usijisumbue tena na ile barua. Nafasi imeshajaa." Ilikuwa bado haijajaa. Baadaye kazi ikaenda kwa kijana mmoja wa mjini, mwenye Kiingereza safi na adabu nzuri. Sina neno naye.

Msimu uliofuata mto ukafura. Nilihadithiwa na majirani zako waliokimbilia Garsen na magodoro kichwani. Walisema ujumbe wa simu ulikwenda maofisini kama ilivyotakiwa, lakini wao waliondoka kwa sababu yako. Asubuhi moja ulipita nyumba kwa nyumba ukisema, "Kesho adhuhuri maji yatakuwa hapa." Wengine walibisha, jua lilikuwa linawaka. Kesho yake adhuhuri maji yakawa hapo. Watu wote walikuwa wameshatoka, na mbuzi pia. Shamba lako ndilo lililopotea, na mto ulipokwisha kupita juu yake haukuacha ila mchanga.

Ndipo ukahamia Bura kwa jamaa za wifi, kulima kwa maji ya mfereji. Uliondoka bila kupitia kwangu. Nilipopiga, wifi ndiye aliyepokea. "Anakusalimu," anasema. "Yuko shambani." Asubuhi yuko shambani, mchana yuko shambani, Idi yuko shambani.

Siku za Idi ndizo nzito zaidi. Jirani yangu, mke wa Msomali mwenye duka, hunitumia sahani ya pilau iliyofunikwa kawa. Namshukuru, nafunga mlango, nakula peke yangu huku nikisikia watoto wake wakigombania nyama. Nikitembea sokoni, kila baada ya hatua mbili naamkiwa: shikamoo Mwalimu, habari za shule Mwalimu. Ninajulikana na Garsen nzima, na nikirudi chumbani hakuna wa kuniuliza kama nimekula.

Kwa hiyo mwezi uliopita nilipanda gari. Nilipita Wenje, nikapita Hola, nikashuka njia panda ya Bura, nikachukua pikipiki mpaka kwenu kando ya mfereji. Safari nzima nilikuwa nafanya mazoezi ya maneno yangu. Ulikuwa umekaa kibarazani unashona gunia. Umekonda, na ndevu zimeota mvi. Ulisimama haraka ukanipa mkono.

"Karibu, Mwalimu," ulisema.

Nilikaa. Ulinipa kiti kizuri, wewe ukakaa kwenye gogo. Uliniuliza habari za barabara. Uliniuliza kama maji ya bomba ya Garsen yanatoka. Tulikula, ukanisogezea vipande vikubwa kama anavyofanyiwa mgeni.

Nikasema, "Kaka, ile siku."

"Siku gani, Mwalimu?"

"Ile ya shule."

Ulitazama mfereji. "Zamu yangu ya maji imefika," ukasema. "Nikichelewa wanampa mwingine." Ukachukua jembe ukaenda. Nilikusubiri mpaka saa kumi, mpaka nikaogopa kukosa gari.

Wifi alinisindikiza mpaka barabarani. Njiani akasema, "Nikwambie kitu, wifi? Hajakukasirikia. Usidhani ana kinyongo."

"Mbona basi ananikimbia?"

"Anaona haya. Anasema ulisema kweli, kwamba yeye kichwa chake hakifai kusoma. Ile redio aliyokuwa akisikilizia vipindi vya Kiingereza aliiuza."

Nililia ndani ya gari kuanzia Hola. Nilikuwa nimekuja kuomba msamaha, na kumbe msamaha hukuwa umeninyima. Nimekuacha miaka yote hii unaamini kwamba u mjinga, na aliyekuaminisha hivyo ni mimi.

Basi nisikilize kaka, nikusahihishie barua yako, kama ulivyoniomba. Nimechelewa, lakini nisikilize.

Uliandika "When the water will rise". Kosa hilo umelitoa katika lugha yetu. Sisi tunasema "maji yatakapopanda, nitakuambia". Wakati ujao tunautia pande zote mbili za sentensi, na ni sahihi kabisa. Waingereza wanautia upande mmoja tu. Baada ya "when" wanasema kama jambo la kila siku: When the water rises, I will tell you. Hakuna mtu anayezaliwa akijua hivyo. Mimi mwenyewe niliandika kosa hilohilo chuoni, mwaka wa kwanza. Mkufunzi wangu alilizungushia duara kwa penseli, akaniita ofisini kwake, akafunga mlango. "Habiba," akasema, "unafikiri kwa Kiswahili, na Kiswahili chako kizuri. Njoo nikuoneshe wenzetu wanavyofanya." Angeweza kulisoma mbele ya ukumbi mzima. Nilitendewa wema huo, na zamu yangu ilipofika nikakunyima wewe.

"I will to send" ulilitoa kwenye "kutuma". Ile ku yetu uliitafutia mwenzake, ukapata "to". Ni akili hiyo, si ujinga. Na "telling" uliiandika kwa sababu ulisikia watu wakisema "I am telling you". Wewe ulishajua dawa yake tangu dunguni: will akipita, wengine wanavua kofia. I will send. I will tell. Ulisahau tu, na angekuwepo mtu wa kukukumbusha kwa upole ungecheka ukaandika upya.

Sentensi ya tatu ndiyo iliyoninyima usingizi. "If" nayo ni kama "when", haimtaki will karibu yake: If God wishes. Na "can" haiwezi kumfuata will, wao wana maneno yao: I will be able to save many people. Hayo tu. Mungu akipenda, nitaweza kuokoa watu wengi. Ndivyo ulivyokusudia, na hiyo ndiyo sentensi niliyoiigizia sauti. Na uliwaokoa, kaka, bila barua na bila mshahara.

Ukiacha hayo matatu, barua yako ilikuwa nzuri. Ilieleza mto kwa namna ambayo mimi mwenye shahada nisingeweza. Ningebadilisha maneno tisa, niliyahesabu, na wangejua kabisa kwamba umeandika wewe.

Jumatatu iliyopita nilifika tena kwenye mada hiyo na kidato cha pili cha mwaka huu. Niliandika sentensi zako tatu ubaoni. Kabla hawajainua kalamu niliwaambia: aliyeandika hivi ni kaka yangu wa tumbo moja, anaitwa Jillo, aliacha shule ili mimi nisome. Nikawasimulia yote: sauti niliyoiigiza, jibu nililompa yule msichana, na maji ya Idsowe. Hakuna aliyecheka. Walisahihisha kimyakimya, wengi wakapata. Kisha msichana mmoja wa Kiorma, ambaye kwao wanafuga ng'ombe kule uwandani na huwa haongei kabisa, akainua mkono.

"Mwalimu, alijuaje kwamba maji yatafika adhuhuri? Na jua lilikuwa linawaka?"

Niliweka chaki mezani nikawaambia kwamba sijui. Nimekulia kwenye mto uleule, nimelala nyumba moja na wewe, na sikuwahi kukuuliza. Wakati wote mimi ndiye niliyekuwa nakufundisha.

Wameniomba uje uwaeleze. Sikuwaahidi. Niliwaambia lazima nikuulize kwanza, na ukikataa hakuna atakayekulaumu. Shule zikifungwa nitakuja Bura, na safari hii zamu ya maji ikifika tutakwenda pamoja.

Lakini hilo swali si la wanafunzi peke yao. Niambie, kaka. Ulijuaje?

Ni mimi mdogo wako,
mtoto wa mama mmoja nawe,
Garsen.