Mguu wa Shemeji Yako

Sheboygan, Wisconsin
14 Machi

Mpendwa mdogo wangu Orrin,

Salamu nyingi kutoka kwetu. Natumaini ulifika Fairbanks salama na yale mafua yamekuachia. Mimi ni mzima. Theluji inayeyuka, na paa la gereji linavuja palepale ulipoahidi kupaziba.

Shemeji yako Verlin naye hajambo, kasoro mguu. Ile Ijumaa tuliyokaanga samaki, ulipojikwaa kwenye mpira wa gesi sufuria ya mafuta ikayumba, alikwambia mafuta yamegusa kiatu tu. Alikudanganya. Yalimpata kwenye shavu la mguu wa kulia, wakati ameinamia sanduku la bia. Kidonda ni kidogo, kiganja kinakifunika, lakini kinatoa maji, na muuguzi wa vidonda hamgusi mpaka bima ikubali.

Na bima haikubali. Kazi yangu unaijua: daktari anaandika ugonjwa, mimi naugeuza kuwa namba, bima inasoma namba. Kwa mguu ulioungua wanataka upande, sehemu, kina, hata kilichouunguza. Faili la mume wangu siruhusiwi kuligusa, basi likaenda kwa Noreen, meza ya jirani. Noreen nilimfundisha mwenyewe. Laiti ningemfundisha vibaya.

Daktari alikuwa ameandika kwamba labda ni kuungua kwa daraja la pili. Kwa mgonjwa asiyelazwa, neno "labda" halipewi namba. Noreen akamrudishia, kama nilivyomzoesha. Daktari, mtu muungwana, akautazama mguu tena, akaifuta labda yake. Nikashukuru. Nilishukuru mapema.

Sasa bima wanauliza aliunguaje, na kama kuna mtu mwingine aliyehusika. Kumbe Verlin alimwambia daktari labda alijimwagia mwenyewe. Noreen akanisogelea: "Dada, mtu anajimwagiaje mafuta nyuma ya mguu? Mumeo anacheza sarakasi?" Nikajifanya nimepigiwa simu.

Jioni nikambana Verlin jikoni. Akasema, "Orrin akijua, mwakani haji. Mwache. Mguu ni wangu." Nikamwambia mguu ni wake, ila anayeufunga kitambaa kila asubuhi akisikiliza miguno yake ni mimi. Akaomba kahawa.

Ndiyo maana nakuandikia bila yeye kujua. Kaa chini, waeleze bima kwamba ulijikwaa na ilikuwa bahati mbaya. Hakuna atakayekuja kukukamata huko kwenye barafu. Mwakani uje kama kawaida. Mimi nitakaanga, nawe utafungwa kwenye kiti mbali na gesi. Lakini nakuomba, katika maelezo yako, neno labda lisionekane hata mara moja. Limekwisha kunitosha.

Nisalimie Twyla na mama mkwe wako. Mama anakusalimu, anauliza kama unavaa soksi mbili. Mungu akulinde, na akuongoze macho unapokanyaga.

Dada yako akupendaye, na hapo hakuna labda,

Ardith