Mungu wa Amani Uliyempasua

Umoja, Jumatatu

Kaka Muthama,

Huku mvua imeanza, na shangazi amepona kikohozi. Lakini nimekukasirikia sana.

Kwa miezi mitatu Baba alimchonga yule mungu wa kike wa amani wa Wagiriki wa kale, amebeba mtoto, ili awekwe kwenye maktaba ya shule. Ukaja wewe, mchungaji mzima, ukashika shoka. "Sanamu ya shetani!"

Baba akakusihi, "Ni hadithi tu, mwanangu. Na huo uso ni wa marehemu mama yako."

Ulimsikia, kisha ukapiga tena.

Jana nilimkuta akiunganisha uso huo kwa gundi, analia. Krismasi ukija, usituhubirie amani. Mwombe Baba msamaha ukiwa bado mlangoni.

Dadako aliyechoka kukuheshimu,
Wavinya