Zamu Yangu Kabla ya Makka

Baraka mjukuu wangu,

Nyanya yako amenipigia kutoka nyumbani, sauti imemkauka kwa vigelegele. Na hapa Jeddah madereva wenzangu walinibeba juujuu! Mjukuu wangu analipwa kucheza besiboli, tena ndiye anayeanza kurusha mpira!

Unauliza kama ni aibu kocha kukutoa mechi ikiendelea na kumpa mwenzako mpira amalizie.

Nikiwa kijana, mimi na dereva mwenzangu Otieno tulileta lori la bosi hapa Jeddah kutoka Riyadh, tukipokezana usukani. Zamu yangu ikaisha. "Halas, yatosha, nipe usukani," Otieno akasema. Nikakataa, nilitaka kulifikisha mwenyewe. Kwa uchovu nikakipita kibao kinachotuelekeza sisi Wakristo tuzunguke nje ya Makka. Askari wa barabarani wakatusimamisha, wakakagua ikama zetu, vile vibali vya ukaazi, wakaturudisha. Nikampa Otieno usukani, naye akatufikisha salama.

Bosi alipoona mzigo wake mzima alitukumbatia wote wawili. Hadi leo hajauliza ni nani aliyeliegesha lile lori.

Rusha, baba, rusha!

Ni mimi babu yako, niliyeanza safari.