Niseme Marehemu Ndiye Aliyebeba Sufuria?

Mpendwa mshauri Syombua, naomba unisaidie kabla sijafanya jambo la aibu. Mimi ni mpishi, nakaa Lindi hapa Kibera, na kwa miaka mingi nilipikia watoto wa kituo kimoja cha msaada kule Soweto West pamoja na rafiki yangu Mercyline, yeye akikoroga uji na mimi nikichochea moto, mpaka wafadhili wakaacha kutuma pesa, mishahara ikaanza kuchelewa, tukavumilia, tukaomba Mungu, halafu asubuhi moja tukapata geti lina kufuli mpya na mkurugenzi hashiki simu. Basi wafanyakazi tukaingia kwa nyuma kila mtu akabeba kitu, Wepukhulu aliyekuwa soja wa kulinda geti akabeba tangi la maji, mimi na Mercyline tukashika ile sufuria kubwa ya uji huku na huku, tukasema hii ni rehani, siku wakitulipa tutairudisha, maana hapa kwetu mwajiri akitoroka watu hufanya hivyo.

Sufuria ikawa ya ploti nzima, kukiwa na matanga wanakuja kuiazima ya chai, halafu Mercyline mwenyewe akaugua kifua, dawa tukanunua nusu kwa sababu pesa haikuwa, akafa bado anadai jasho lake, na chai ya matanga yake niliipika kwa sufuria hiyo hiyo, nikilia nasingizia moshi.

Sasa korti imeweka mfilisi wa kukusanya mali ya kituo na kulipa wanaodai, ametangaza tupeleke madai kabla mwezi huu uishe na mali iliyobebwa irudishwe. Mimi naogopa kufungwa, na Wepukhulu ameniambia, "Sema Mercyline ndiye alibeba. Marehemu hashikwi na polisi." Sipati usingizi, kodi nimelimbikiza na hiyo pesa naihitaji, lakini Hope, binti ya Mercyline aliyemaliza shule mwaka jana, ananiita mama, na juzi aliniuliza kama mamake aliacha kitu chochote huko kazini, nikanyamaza. Nifanye nini?

Nereah, Lindi

Pole sana, dada Nereah. Kumzika mwenzako aliyekosa dawa huku akidai mshahara ni uchungu, nami sina neno la kuuondoa.

Lakini nisikize. Huyo Wepukhulu anakupeleka wapi? Marehemu hashikwi, sawa, ila madai yake hayakuzikwa naye. Jasho la Mercyline sasa ni haki ya Hope. Ukimwita mamake mwizi mbele ya mfilisi utamharibia huyo msichana, halafu jioni akuite mama. Utaitika kweli?

Na hiyo sufuria haikuwa rehani. Rehani hutolewa na mwenyewe. Nyinyi mliibeba kwa hasira, na hasira hiyo naielewa, lakini kituo kikishafilisika kila kijiko ni cha wote wanaodai, hata nyinyi mmo.

Kwa hivyo kesho isugue uirudishe. Ukiogopa, pitia kwanza ofisi ya leba, ile ya serikali ya mambo ya wafanyakazi, au kwa mawakili wanaosaidia watu bila malipo, mmoja akuelekeze. Mwambie mfilisi ukweli, kwamba mliibeba wawili, na usitoke hapo bila karatasi yenye sahihi kwamba ameipokea. Anayerudisha mwenyewe hasemeshwi kama anayefuatwa nyumbani. Hapo hapo peleka madai yako, mishahara uliyonyimwa na siku za likizo. Kama barua ya kazi huna, toa taarifa ya M-Pesa ionyeshe mshahara ulivyokuwa ukiingia, na rekodi ya NSSF. Mishahara ya wafanyakazi hutangulizwa mbele ya wadai wengi, ingawa sitakudanganya: huenda msipate yote. Wanaokaa nyumbani na woga wao ndio hukosa kabisa.

Hope naye aende kwa chifu na cheti cha kifo, apate barua ya kumtambua kuwa mrithi wa mamake, leba wamwonyeshe hatua za urithi kortini. Asingoje zikamilike. Mfilisi aarifiwe sasa kwamba Mercyline anadai.

Bado kuna lile swali la Hope ulilolinyamazia. Leo jioni nenda umjibu. Mwambie ndiyo, mama yako aliacha mshahara wake. Wewe ndiye uliyekuwa ukichochea moto akikoroga uji, na hakuna mwingine wa jikoni aliyebaki wa kumtolea ushahidi.

Syombua