Chupa Mbele ya Kanivali

Bradford, Agosti 1967

Mama yangu mpendwa,

Nakuamkia kwa heshima zote. Goti lako linaendeleaje na mvua hizi? Na migomba, imesalimika na ule upepo? Theotis asikawie kukupeleka kwa daktari. Mwambie dada yake amesema. Sisi huku tupo. Nikisema hatujambo nitakuwa nimekuficha, kwa hiyo soma taratibu, ukiwa umeketi.

Najua Hermia, mwenzetu wa hapa Bradford, amekwisha kukuandikia kwamba nimewatoa watu majumbani wakacheze vinyago barabarani kama vichaa, katika mji wa wenyewe. Ni kweli. Ila hakukuambia sababu.

Wakati wa baridi alifariki Zelma, binti wa Ma Titine wa kule mlimani, kisiwani kwetu. Alifia katika chumba chake cha kupanga, na aliyegundua ni muuza maziwa, alipoona chupa zimerundikana mlangoni zimeganda. Mama, nilikuwa naishi mtaa wa pili tu, na sikujua hata kwamba amekuja Uingereza. Kaburini padri aliuliza nani atamsemea marehemu neno. Tulitazamana. Hakuna aliyemjua. Kwetu hata mlevi hafi hivyo.

Nikaitisha mkutano katika ukumbi wa kanisa. Nilisema tufanye kanivali, ngoma na vinyago barabarani kama kwetu, watu watoke vyumbani waonane nyuso. Wakanirukia! Wa Antigua walitaka mtindo wao, wa St. Kitts wao. Mzee Tulloch, Mjamaika mmoja mwenye kofia asiyoivua hata mbele ya padri, akaniambia, “Mama Laronde, kwetu hatuna mambo hayo. Wazimu wenu wa visiwa vidogo msituambukize.” Watu wakaangua kicheko, na mimi nikacheka kwa uchungu.

Alford, mume wangu, hakucheka. Tulipofika nyumbani alisema, “Sylvanie, tunakwenda kanisani na suti zetu, tunanyamaza kimya, na bado hawatutaki. Ukiwapigia ngoma je?” Nikavua koti, nikaketi kuandika ombi la kibali kwa polisi.

Mkuu wa polisi alitupa kibali kwa shingo upande. Alinionya kwamba chupa moja ikivunjika, kanivali hiyo itakuwa ya kwanza na ya mwisho. Wiki hiyo hiyo nilirudi kutoka kazini nikakuta mlango wetu unanuka tapentaini na mikono ya Alford imechubuka. Alikuwa amesugua maneno tuliyoandikiwa kwa rangi, na hakutaka niyajue. Tangu hapo kila gari lililopunguza mwendo nje ya dirisha lilinikata maini.

Siku yenyewe ikaamka na mvua. Tulijikusanya wachache chini ya kibaraza cha duka lililofungwa, ngozi za ngoma zimelegea kwa unyevu, rangi zikichuruzika kwenye mabango. Nilikuwa nimevaa sensé, Mama, lile vazi la nyuzi za magunia kuanzia kichwani hadi miguuni, kama la marehemu baba. Alford alikuwa zamu kwenye basi lake. Nilitamani kuahirisha. Lakini nikawaza, tukirudi ndani leo hatutatoka tena. Nikanyanyua mguu.

Mitaa ya mwanzo, mapazia tu yalitikisika. Kisha mlango ukafunguka, na mwingine, wakatoka watu weusi ambao sijapata kuwaona, wengine na kandambili. Tukawa kundi. Nikaanza kupumua.

Tulipokata kona penye baa, walikuwa wamesimama vijana wa Kizungu, bia mikononi. Ngoma zikapunguza mwendo zenyewe. Mmoja akapiga kelele turudi msituni. Nikaendelea kutembea. Chupa ikaruka ikapasukia mbele ya miguu yangu.

Ngoma zikasimama. Vijana wetu wakakunja ngumi. Nikaona kazi yetu yote inamwagika pale chini.

Ndipo akajitokeza Mzee Tulloch na wenzake wa kucheza domino, waliokuwa kando ya njia tangu mwanzo wakijifanya wapita njia. Akavua kofia, Mama! Akachutama, akaanza kuokota vigae kimoja kimoja na kuvitia ndani ya kofia. Wenzake nao wakachutama. “Pigeni ngoma,” aliwakaripia wapigaji. “Kwetu hatuna kanivali, lakini miguu tunayo.” Ngoma zikalia.

Polisi alikuja mbio, akadai amesikia chupa ikivunjika. Tulloch akaibana kofia kifuani kama yuko msibani. “Chupa, afande? Hiyo ni ngoma yao moja, ina sauti mbaya sana. Nimewaambia waitengeneze.” Polisi akatazama chini. Barabara ilikuwa safi. Tukapita, tukacheza hadi bustanini, na hakuna aliyepigana.

Sasa, Mama, lile lililonifanya nikuambie uketi. Nina mimba. Nilikuwa nayo siku ile. Daktari alikuwa ameniamuru nilale, kwa sababu ya zile mbili zilizotoka, nami sikumwambia mtu, hata Alford. Wangejua wangeniketisha, na bila mimi wangegawanyika kila kisiwa kivyake. Nawe sikukuandikia kwa kuwa mara zote mbili ulikuwa umekwisha kushona nguo za mtoto.

Jioni ile niliona damu. Alford alijua kwa njia hiyo. Tangu siku hiyo nimelazwa kitandani, naandika nikiwa nimelalia ubavu. Daktari alikuja jana, akasikiliza, akasema mtoto bado ameshikilia, ila hawezi kuniahidi kitu. Kila nikigeuka, naogopa.

Alford aliniuliza kama ningekwenda hata kama yeye angejua. Nilimwambia ningekwenda. Hakunigombeza. Aliinuka akaenda jikoni kukoroga supu. Sijui kama amenisamehe.

Msalimie Theotis, na Ma Titine umshike mikono kwa niaba yangu. Usishone chochote bado, Mama. Niombee tu. Lakini mikono ikikuwasha sana, nunua kitambaa, ukiweke.

Ni mimi mwanao akupendaye,
Sylvanie