Dakika Tatu za Kuitetea Chaneli

Louisville, Jumanne jioni.

Daftari langu, pokea salamu zangu za heshima, na uniwie radhi kwa kimya cha siku nne. Leo nimejiaibisha.

Kampuni ya televisheni ya kebo inaiomba halmashauri ya jiji ruhusa ya kuifuta chaneli ya jamii, ile inayoonyesha ibada yetu ya Kiswahili kwa wasioweza kutoka nyumbani. Tangu magoti yangu yagome, nami ni mmoja wao. Kwenye kikao cha halmashauri leo, kila msemaji alipewa dakika tatu.

Nilimsalimu mwenyekiti, wajumbe mmoja mmoja, karani, hata wakili wa kampuni, ambaye Mungu amsamehe ile suti. Nikafikisha salamu za mchungaji na za kwaya. Nikaomba radhi kwa kuwapotezea muda. Kengele ikalia.

"Mzee, muda umekwisha," akasema mwenyekiti.

"Lakini sijaanza!"

Mama Furaha, Mkongomani wa kanisani kwetu aliyenipeleka kwa gari lake, akanivuta koti. "Bon, Mzee, ulisalimia mpaka viti. Chaneli tu ndiyo ulisahau!"

Wakili alicheka kuliko wote. Mwenyekiti, kwa huruma, akaniruhusu kuleta barua kabla ya kura ya kesho mchana.

Nimeandika kurasa tatu. Marehemu mke wangu angenipunguzia kwa upole. Mama Furaha ameurarua ukurasa wa salamu mbele ya macho yangu. Barua sasa inaanza na maneno "Tafadhali msituzimie ibada," na yeye mwenyewe ndiye atakayeipeleka asubuhi.